Basi la Wageni Lilipofika Msibani Kinole

Ilikuwa harufu ya plastiki. Viti vya basi la Mama Zuhura vilikuwa bado vimevikwa plastiki za kiwandani, na mwenyewe alikataa katakata zivuliwe, ili kila anayepanda ajue kwamba basi ni jipya. Jua la asubuhi lilipozipiga pale Msamvu zilitoa harufu kali, nayo ikachanganyika na moshi wa dizeli na marashi ya Mama Zuhura, ambayo hayakuwa haba. Alikaa kiti cha mbele na mkoba wake mwekundu mapajani, akihema kwa hamu. Nilikuwa nimekalia boneti karibu na dereva, kwa sababu nilishaambiwa kwamba kiti ni cha mgeni na mimi si mgeni. Nilikuwa darasa la nne, na nilikuwa na hofu tangu nilipoamka.

Ilikuwa miaka ile ya ruksa, kila mtu aliporuhusiwa kufanya biashara. Kiwanda cha nguo alichofanyia kazi baba kilikuwa kimezima mashine, na wafanyakazi wameambiwa wakae nyumbani wamsubiri mnunuzi ambaye hakuna aliyepata kumwona. Kihonda yote, tulikokaa, ikageuka gulio. Aliyekuwa msimamizi wa zamu alikuwa akiuza mitumba mlangoni kwake, na karani wake anauza barafu za ukwaju. Baba hakuweza kuuza kitu. Alijaribu mkaa, akaishia kuwagawia majirani kwa huruma. Ndipo Mama Zuhura, mfanyabiashara wa Msamvu aliyezaliwa Kisarawe, akasikia kwamba Wazungu wanaofanya kazi Dar wanapenda kupelekwa milimani na kurudishwa siku hiyo hiyo, akanunua basi, akatafuta mtu wa kuwaeleza habari za milima kwa Kiingereza. Baba alikuwa nacho Kiingereza, alikipata shule ya misheni huko kwao Tabora. Akapewa safari moja ya majaribio. Ikienda vizuri, kazi ni yake. Ikiharibika, angerudi kwao Urambo kulima tumbaku kwa kaka yake, na hapo ndipo hofu yangu ilipoanzia. Mama alikuwa Mluguru wa Kinole, na kwa Waluguru mtoto ni wa ukoo wa mama yake na shamba ni la ukoo huo huo. Mama alishasema wazi kwamba yeye hawezi kwenda kuishi kwenye vumbi la watu. Nami nilijua, bila kuambiwa na mtu, kwamba baba akiondoka ataondoka peke yake.

Safari ilianza kwa madaha. Baba alivaa koti lake la harusi, akashika kipaza sauti kilichokuwa kikilia mluzi kila alipokisogeza mdomoni, akaanza kueleza habari za mito inayoshuka milimani na misitu iliyobaki juu. Niliyajua maneno yote kwa sababu wiki nzima alikuwa akiyasema akitembea uani, na mimi nimekaa kwenye kinu nikijifanya mgeni. Wageni walijaza viti vya katikati: watu wazima wengi, mama mmoja mzee mwenye kofia ya ukili, na bwana mmoja mwenye ndevu aliyening'iniza shingoni kamera kubwa. Mama Zuhura hakuelewa hata neno moja, lakini alikuwa akigeuka kila baada ya muda kuwatazama kama wanatabasamu. Mpango ulikuwa tufike Kinole adhuhuri, wageni wale wali na kuku chini ya kivuli nyumbani kwa ndugu zake mama, waonyeshwe pilipili manga zinavyopanda mitini, kisha tushuke kabla ya mvua ya alasiri. Mama alikuwa ametangulia siku mbili kabla kwenda kuandaa. Ule udongo mwekundu wa milimani ukilowa, gari halina breki tena.

Tulipoacha barabara kubwa baada ya Kiroka na kuanza kupanda, niliona kwamba mashamba hayana watu. Migomba ilikuwa pale, minanasi ipo, lakini hakuna mwanamke aliyeinama, hakuna watoto wa kukimbilia basi. Katika kona moja jembe lilikuwa limeachwa limechomekwa ardhini. Wageni walifurahia utulivu. Baba aliendelea kusema, lakini sauti yake ilipungua na maneno akaanza kuyarudia, kisha akakizima kipaza sauti kabisa. Dereva alinitupia jicho. Mama Zuhura akauliza mbona kimya, na baba akajibu kwamba anawaachia wageni nafasi ya kutazama.

Mbele kidogo ya nyumba za kwanza za Kinole, mjomba wangu Salumu, mdogo wake mama, alikuwa amesimama katikati ya njia, mikono nyuma. Basi likasimama. Baba akafungua mlango.

"Shikamoo, shemeji."

"Marahaba, Salumu. Kuna nini?"

"Mzee ametutoka alfajiri. Tunazika mchana huu, baada ya swala. Chakula hakipo, dada yuko ndani na wenzake." Akasita, akatazama koti la baba. "Ila wazee wamenituma. Wanauliza, unakuja kama nani?"

Mzee ni Babu Kibwana, mjomba wa mama na mkubwa wa ukoo wao. Na swali lile halikuwa la mchezo. Baba alikuwa Mnyamwezi, na Wanyamwezi na Waluguru ni watani tangu enzi za misafara ya kwenda pwani. Siku za kawaida watani hutukanana na kunyang'anyana vitu kwa kucheka. Siku ya msiba mtani ana kazi yake: huzuia maziko, humkejeli marehemu, huchukua kitu cha yeyote aliyepo mpaka apewe cha kumtuliza, na hakuna ruhusa ya kumkasirikia. Lakini baba alikuwa pia ameoa pale, na mkwe huingia msibani macho chini, hasemi. Wengine wote walimchukulia kama mkwe. Babu Kibwana peke yake alikataa. Tulipokwenda kumsalimia alikuwa akimfichia baba viatu, akimwita mtumwa wangu, na mara nyingi alimwambia mbele yetu, "Siku yangu ikifika usije hapa na uso wa mkwe. Wakwe ninao wengi."

Mama Zuhura alishaelewa habari ya chakula, akamwambia dereva ageuze gari. Baba akamwomba ruhusa ya kuteremka kidogo tu, kwa kuwa marehemu ni mzee wake na wanamhitaji kwa utani. Mama Zuhura akageuka kuwatazama wageni.

"Hebu ngoja. Kuna mambo ya kimila hapo?"

"Ni msiba, mama."

"Najua ni msiba, sikusema ni harusi. Hawa wamechoka kuangalia migomba, Ramadhani. Teremka nao. Watazame, wapige picha zao, na kazi ni yako kuanzia leo. Wakirudi Dar mikono mitupu, usinifuate tena."

Baba aligeuka akawaambia wageni maneno marefu kwa Kiingereza. Nilishika neno moja tu, tafadhali, kwa kuwa alilirudia mara tatu huku akionyesha kamera. Yule mama mzee akaitia yake kwenye kikapu. Wengine wakafanya hivyo hivyo. Bwana mwenye ndevu aliitikia kwa kichwa kama aliyesikia, lakini mkono wake haukuiacha kamera.

Nilikimbilia ukumbini kwa wanawake. Mama alikuwa amelia mpaka sauti imekauka. Aliniuliza kwa kunong'ona, "Wageni wamekasirika?" Nikakaa ubavuni pake. Jeneza likatolewa, limefunikwa kanga na shuka ya kijani, wanaume wakalipokezana wakielekea njia ya makaburini, na pale njia ilipobanwa na migomba baba alikuwa amelala chali, koti la harusi amelivaa ndani nje.

"Hapiti mtu! Huyu ni mtumwa wangu. Nani amempa ruhusa ya kusafiri? Leo alitakiwa akanilimie!"

Watu wakacheka. Walicheka huku machozi yakiwatoka, na mama akajifunika kanga usoni, mabega yakimtikisika. Baba alimsema marehemu kwa uchoyo, kwa usingizi, kwa kuiba viatu. Mimi nami nilikuwa nacheka, nikasikia kamera ikilia. Bwana mwenye ndevu alikuwa amesogea mpaka karibu na jeneza. Nyuma yake Mama Zuhura alikuwa akiwapungia wengine wasogee, na wengine, walipoona mwenzao hakukatazwa, walianza kufungua mikoba. Baba akawaona. Nilimwona akiwaona. Kazi ilikuwa mkononi mwake tayari, alichotakiwa ni kufumba macho tu, na nakiri moyoni niliomba afumbe. Nilikuwa mtoto, na nilimtaka baba yangu nyumbani.

Alisimama, akajifuta vumbi. "Mnyamwezi haondoki msibani hivi hivi," akasema kwa sauti ile ile ya kuchekesha, akaenda akaivua ile kamera shingoni mwa bwana. Akachukua nyingine, na nyingine, na kofia ya yule mama mzee. Kisha akauchukua mkoba mwekundu. Akavipanga vyote njiani mbele ya jeneza. Bwana mwenye ndevu uso ulimwiva, akaanza kufoka, na wazee wakamzunguka wakicheka, wakimpa mkeka akae. Mama Zuhura alipiga kelele.

"Ramadhani! Mkoba wangu!"

"Wewe si mzaliwa wa Kisarawe wewe?" akauliza bibi mmoja wa ukoo wetu. "Mzaramo? Basi huyo ni mtani wako pia. Mtani hakasirikiwi msibani."

Watu wote walikuwa wakimtazama Mama Zuhura. Bibi yule akaenda akaukalia mkoba. Wazee wakamletea baba jogoo, akampokea, akasogea, na Babu Kibwana akapita. Nyuma ya migomba hakukuwa na picha tena, ni watu wanaozika tu. Waliporudi, baba alimrudishia kila mmoja kitu chake kwa mikono miwili, akimwomba radhi. Yule mama mzee alimshika mkono akakaa nao muda mrefu.

Mvua ilitukuta tukishuka. Basi liliteleza, nyuma likaanza kuufuata mtaro, na upande wangu wa dirisha niliona vilele vya miti chini yetu. Sijawahi kuogopa vile tena. Wageni wakateremka kusukuma, na bwana mwenye ndevu akasukuma bega kwa bega na baba, wote wekundu kwa tope. Tulipofika Msamvu na wageni kuondoka, Mama Zuhura alimwita baba pembeni, nami nikasikia.

"Sikatai kwamba wewe ni mtu mzuri. Lakini mtu anayeweza kuninyang'anya mkoba wangu mbele za watu na mimi nikashindwa hata kukasirika, huyo siwezi kumwajiri."

Siku zilizofuata baba alifunga masanduku. Alikuwa ameshaulizia treni ya Tabora mama aliporudi kutoka matangani, bado macho yamevimba. Hakuvua hata ushungi. Alisema wazee wamekaa, na wamemkatia baba kipande cha shamba la ukoo, juu ya mto, mpaka mwisho wa maisha yake. Watu wa nje hawapewi kirahisi. Baba akauliza kwa nini. Mama akajibu, "Wamesema mtumwa wao hawamwachi atoroke." Baba akakaa juu ya sanduku akalia, na ndiyo mara pekee niliyomwona akilia. Tukahamia Kinole, tukapanda pilipili manga.

Siku hizi magari ya wageni hupanda kule karibu kila Jumamosi, njia imetengenezwa, na wanangu huniambia kijiji kinavutia sana kwenye simu. Ni kweli. Vijana wanaowaongoza wageni wanakijua Kiingereza kuliko baba, nami siwaonei kijicho, wanakula kwa jasho lao. Baba alifia kule kule mwaka juzi, akiwa mzee wa kutembelea fimbo. Mjomba Salumu alikuwa ameshafariki kabla yake. Nilikaa ukumbini na wanawake, nikatazama jeneza likitoka, na nikaona simu zimeinuliwa juu ya vichwa, za ndugu zetu wenyewe, nyingi kuliko nilivyoweza kuvumilia. Kijana mmoja wa ukoo wetu aliniambia baadaye kwamba utani msibani siku hizi watu wanaona ni kukosa adabu. Alinieleza kwa upole, akidhani ananifariji. Kijiji kizima kilikuwa kimejaa Waluguru, watani wa baba tangu mkubwa hadi mdogo, nami kwa upande wa mama nikiwa mmoja wao. Nilisubiri kuanzia mlangoni mpaka kwenye migomba. Jeneza lilipita moja kwa moja, na hakuna aliyemzuia.