Mdomo wa Kuazima wa Bi Kinue

Wale wanaomkumbuka Bi Tokunaga Kinue humkumbuka kwa tofu yake, ile jibini laini ya soya, na wana haki. Ilikuwa nyeupe na baridi, ikitetemeka kidogo kiganjani kana kwamba inaona haya kuliwa. Mimi humkumbuka kwa jambo jingine, na kwa kuwa wengi waliolishuhudia wamekwisha kulazwa makaburini kule kilimani, naona si vibaya kulisimulia bila haraka.

Duka lake lilikuwa kando ya daraja la mtaa wetu wa Urayama, pale maji ya mlimani yanapoingia mjini yakiwa bado safi. Alikuwa mjane. Tulisoma pamoja kwa masista wa misheni, waliotufundisha kushona, kuimba zaburi na kuzungumza. Hilo la kuzungumza ndilo lililochukua muda. Sauti ya msichana, alisema Sista Mkuu, iwe kama chai inayomiminwa pembeni mwa kikombe, ifike bila kusikika. Kinue alifuzu kutupita sote.

Mwaka ule halmashauri ya mji ilitangaza kwamba kila mtaa uchague mahali pamoja pa kuweka takataka, gari lipite kuzichukua asubuhi. Bwana Iwanaga, mshona mikeka na mwenyekiti wetu wa mtaa, akapendekeza kona ya daraja, yaani mlangoni pa Kinue. Hakuwa na ubaya naye. Kona ilikuwa pana, basi. Lakini nani atanunua tofu penye vichwa vya samaki vilivyooza? Duka lile ndilo lililokuwa riziki ya Kinue, na hakuwa na nyingine.

Mkutano ulifanyika ukumbini kama kawaida. Wanaume waliketi kwenye mito yao ya kukalia, nasi wanawake tulipiga magoti karibu na mlango wa jiko, mabirika mikononi. Kinue aliinama mpaka paji la uso likagusa mkeka.

“Samahani sana kwa kuwakatiza,” alisema. “Sijui kama nakosea, na pengine ni ujinga wangu tu, lakini huenda kunguru wakaja, na huenda wateja nao…”

Wanaume walisubiri kwa adabu mpaka sauti ile ikaisha, kama watu wanaongoja upepo upite. Kisha Bwana Sugita, kinyozi, akajikuna kidevu.

“Kunguru watakuja,” alisema.

“Eee! Hoja hiyo!” wakaitikia wote. “Sugita ana kichwa, bwana!”

“Tununue wavu wa kufunikia,” akaongeza Sugita. Shauri likaachwa lithibitishwe mkutano ujao.

Jikoni, Kinue aliosha vikombe mpaka nikavihofia.

“Kwani mimi pale nilifanya nini? Nilikohoa?”

“Umesema vizuri mno, shoga, ndiyo kosa lako,” alimjibu Bi Matsuo, mke wa fundi saa. “Mimi nikitaka neno lisikike ukumbini, namlisha mume wangu pamoja na wali wa jioni. Kesho yake analitapika mbele za watu kama lake.”

“Wangu amekufa.”

“Basi azima wa watu!”

Tulicheka. Kinue hakucheka. Siku ya pili alichukua sahani ya tofu ya kukaanga, akaenda kwa jirani yake, Mzee Hamasaki, mstaafu wa reli, aliyekuwa hajapata kutamka neno ukumbini tangu aanze kuhudhuria.

“Mzee, nimekuja kuazima mdomo wako.”

Mzee alitafuna, akawaza.

“Utaurudisha lini?” aliuliza kwa upole.

“Mkutano ukiisha.”

“Haya.”

Jioni ya mkutano Mzee aliketi kwenye mto wake, na Kinue akapiga magoti nyuma yake, birika mkononi, kama anayemhudumia.

“Kama hakuna neno,” alisema Iwanaga, “takataka zitakuwa darajani.”

“Upuuzi!”

Ilikuwa sauti nzito na kavu, nayo ilitokea nyuma ya bega la Mzee. Mwenyewe alichelewa kidogo. Alifungua mdomo neno likiwa limekwisha kutoka, akaufunga tena kwa heshima. Hakuna aliyejali. Vichwa vyote vilimgeukia.

“Mzee Hamasaki! Wasemaje?”

“Nasema upuuzi! Takataka mlangoni pa chakula cha watu? Nani kazaa wazo hilo?”

“Ni… ni mimi, Mzee.”

“Lizike!”

Wanaume walijipiga mapaja kwa furaha. “Miaka yote hiyo kimya, kumbe ana moto ndani!”

Sisi wa mlangoni tuliona kila kitu, na wao waliona pia. Sugita aliketi karibu kiasi cha kuliona koo la Kinue likipanda na kushuka. Alitazama midomo ya Kinue, akatazama ya Mzee, akachagua ya Mzee, kama mtu anavyochagua kiti alichokizoea.

Mzee alikuwa ametoka kuoga maji ya moto, na baada ya muda akasinzia. Hotuba iliendelea: kunguru, harufu, kiangazi kinachokuja.

“Tazama,” Sugita alimnong’oneza mwenzake, “anatugombeza hata macho hafungui. Huyo ndiye mwanamume.”

Nadhani hapo Kinue alionja utamu. “Na chai hii imepoa!” alinguruma.

“Bi Kinue!” Iwanaga aliruka. “Humsikii Mzee? Chai imepoa!”

Kinue aliuinamia mgongo wa Mzee. “Samahani sana, Mzee,” alisema kwa sauti ya masista. “Ni uzembe wangu.”

“Haya,” akajijibu kwa sauti ile nyingine. “Usirudie.”

Wanaume walitikisa vichwa kwa kuridhika. Kinue akainuka, ikambidi aende jikoni kupasha maji, na mlango ukafungwa nyuma yake.

“Basi, Mzee,” alisema Iwanaga, “utuamulie wewe. Ziende wapi?”

Ukumbi ukanyamaza, na ukimya ndio uliomwamsha Mzee. Aligeuka nyuma, asione mtu. Kisha, kwa sauti yake mwenyewe, alisema, “Samahani jamani, sijui kama nakosea, lakini pengine ingefaa tumwulize Bi Kinue mwenyewe.”

Wanaume waligeuka, wakatutazama sisi wa mlangoni, kana kwamba tumesema.

“Kina mama, hebu tulieni kidogo,” alisema Iwanaga. “Mzee anataka kusema.”

Mzee alifungua mdomo, akaufunga. Sijapata kuona uso mpweke kama ule.

“Kama Mzee hana la kuongeza,” Iwanaga aliendelea, “tunarudi kwenye kona ya daraja. Wanaokubali wanyooshe…”

“Mlangoni pa ukumbi huu!” Sauti ilipenya mlango wa jiko uliofungwa, upande wa pili kabisa wa chumba. “Nani anabisha?”

Vichwa vyote vilimgeukia Mzee. Hakuna aliyebisha. Ikapitishwa, nasi tukaleta chai ya moto.

Mimi, Kinue na Mzee tulirudi nyumbani pamoja, Mzee akitembea katikati.

“Bi Kinue, mimi nilisema pale, au niliota?”

“Ulisema, Mzee. Nilikusikia.”

“Wewe tu?”

“Sisi wa jikoni sote.”

Alitembea kidogo. “Na ile sauti uliipata wapi?”

“Kwa marehemu. Miaka yote ya ndoa nilikuwa naijibu. Anayeijibu ndiye anayeijua.”

“Inafundishika?”

Kinue alijaribu kumfundisha. Asubuhi, nikiwa nafagia, nilikuwa nikimsikia Mzee amesimama mbele ya pipa la soya zilizolowekwa akizifokea: “Nyinyi! Laineni!” Halafu baada ya kitambo: “Tafadhali.” Hakuiweza mpaka alipofariki. Hilo halikuwazuia wanaume kumchagua mwenyekiti mwaka uliofuata, na kwa muda wote Kinue alipopiga magoti nyuma yake, mtaa wetu ulipata taa za barabarani, mfereji uliofunikwa na hata zahanati.

Kunguru walihamia ukumbini. Na kila asubuhi gari la takataka lilivuka daraja bila kupunguza mwendo, huku Kinue, mikono ya vazi lake la kimono imefungwa kwa utepe, akitoa tofu ya kwanza majini na kuikata.