Mama wa Kambo Aliyefutwa kwenye Filamu

Khuyên hakuwa mwongo, ila mwaka ule aliudanganya mji mzima wa Sa Đéc, tena kwa maandishi. Kazi yake ilikuwa kuandika yale maneno ya Kivietinamu yanayopita chini ya filamu za nje. Alikuwa hodari kweli: mfalme wa Ulaya akifungua kinywa, kwa Khuyên anaongea kama mzee wa Sa Đéc aliyeshiba samaki.

Balaa lilikuwa ndoa. Aliolewa na Lực, mgane mwenye binti wa miaka kumi na mmoja, Ngà. Na kule kila mtu anaujua msemo: tangu lini mkate wa mchele ukawa na mfupa, tangu lini mama wa kambo akampenda mtoto wa mumewe? Miezi minane Khuyên alibembeleza. Akimsuka nywele, Ngà anakaa kama ananyolewa kwa wembe butu. Akimpikia, anajibiwa, "Asante, mama mdogo," basi.

Sasa ikaja filamu ya hadithi za kale, na ndani yake, lo, mama wa kambo! Anamlaza mtoto jikoni, anamnyima chakula. Na shule ya Ngà ilikuwa imealikwa kuitazama, pamoja na wazazi. Khuyên akakesha akitafuta neno jingine. Mwishowe akafuta "mama wa kambo" kila mahali, akaandika "mwenye nyumba". Nani atahangaika na mwenye nyumba?

Kumbe watu wana yao moyoni. Jumapili mchana ukumbi ulifurika, na mstari wa mbele alikaa Bibi Tư, mwenye vyumba kumi na vinne vya kupangisha. Nyuma yake, wapangaji wake. Yule mwanamke wa filamu alipomfungia msichana stoo, mpangaji mmoja akapaza sauti, "Huyo namjua! Hata choo chetu kakitia kufuli!" Ukumbi ukaangua kicheko. Filamu ilipokwisha, walikuwa wanamzomea Bibi Tư waziwazi.

Bibi Tư akasimama, mwavuli mkononi. "Nani kaandika upuuzi huu? Ajitokeze nimwone!"

Khuyên akazama kitini. Ndipo Ngà akainuka pale walipokaa wanafunzi.

"Bibi, usikasirike. Siyo mwenye nyumba. Kiingereza tunasoma, nimesikia mwenyewe. Ni mama wa kambo."

Majirani wote waliijua kazi ya Khuyên, na vichwa vyote vikamgeukia.

"Aa, mkate na mfupa," mtu akanong'ona.

Bibi Tư akashusha mwavuli. "Maskini," akasema, na neno hilo lilimuuma Khuyên kuliko kupigwa.

Nyumbani Khuyên akaingia chumbani akalia kama mtoto. Mara mlango ukagongwa. Ngà akaingia na bakuli la mkate wa mchele, tui la nazi juu.

"Kula, mama mdogo."

Khuyên akauma, jino likagonga kitu kigumu. Akakitoa mdomoni. Kilikuwa kifupa cha kuku, kimeoshwa kikatakata.

"Nimekichomeka mwenyewe," Ngà akasema, macho ukutani. "Na usidanganye tena. Yule wa kwenye filamu hajui hata kusuka."

Akaketi sakafuni mbele ya Khuyên, akampa mgongo, kisha akampa kitana.