Gharama za Kusikilizwa

Wito wa mahakama wa kumwita fundi cherehani uliachwa nyumbani kwa marehemu mumewe, alikokwisha kufukuzwa, na aliyeupokea ni wifi yake, yuleyule aliyemshtaki. Fisi kapewa bucha! Wifi akaukalia kimya, na hukumu ikatolewa ya upande mmoja: cherehani, aliyoinunua fundi kwa jasho lake, ni mali ya ukoo, airudishe.

Fundi akaomba hukumu itenguliwe.

"Mama, una haki ya kusikilizwa," hakimu alikubali. "Ila kwanza mlipe mdai gharama zake. Usipolipa, hukumu inabaki palepale."

Amlipe wifi! Kweli mnyonge hana haki. Cha kuuza alikuwa nacho kimoja tu, na ndicho kilichogombewa.

Nje, wifi alimngoja kwenye ngazi, sauti tamu kama asali. "Wifi yangu, sisi ni ndugu. Nipe cherehani, gharama nakusamehe."

Jioni fundi aliitia mafuta, kama kawaida yake, akajitwika, akaipeleka. Wifi alimpokea mlangoni na gauni mkononi.

"Kabla hujaenda, hebu nipunguzie hapa kiunoni."

Fundi akaketi, akatunga uzi.