Utando Uliojazwa Pomoni

Anjelina wa Temeke alilipwa mshahara kwa kufunga utumbo. Siyo wa mbuzi, la hasha! Ulikuwa utando wa kiwandani, mwembamba na mrefu, ulioletwa kwa meli miaka ile ya Ujamaa ambapo hata sabuni ilikuwa ya foleni. Kwenye maabara ya utafiti wa magonjwa ya kurithi, aliuchemsha kwa magadi, akafunga fundo chini, akamimina damu iliyotayarishwa, akafunga fundo juu, akauzamisha majini. Chumvi hupenya ikatoka. Ile nyekundu ya damu wanayoitaka wapimaji hubaki ndani. Basi.

Kazi hasa ilikuwa nyumbani. Mwanawe Albano alikufa kwa selimundu, ule ugonjwa wa damu, akililia viungo vilivyomuuma, na mama mkwe, Bi Yuliana, alishatoa hukumu: "Ugonjwa umetoka kwenu. Sie hatuna." Daktari Elinaza wa maabara alishamweleza Anjelina kwamba mtoto huurithi kwa baba na mama, wote wawili. Lakini mkwe utamwambiaje hayo mikono mitupu? Na mumewe Fransis, kuli wa Kurasini, alinyamaza tu. Kimya hicho ndicho kilichomuuma.

Watafiti walipokwenda bandarini, Fransis naye alitolewa damu, ikamfikia mkewe. Utando huachiwa nafasi, maana maji nayo huingia. Lakini Anjelina alilelewa na muuza karanga, na kwao kumpimia mtu wako bila nyongeza ni uchoyo. Akamimina, akaongeza, mpaka pomoni. Asubuhi alikuta beseni jekundu na utando umepasuka.

"Baba Albano, damu yako nimeimwaga."

"Lo! Yote?"

"Nilikuzidishia. Nataka kujua. Nimechoka kuwa mkosaji peke yangu."

Fransis alikuna kichwa. Kesho yake alikwenda kutoa nyingine, na safari hii Anjelina alipima kichoyo kabisa.

Majibu yalipotoka, daktari alimweleza Fransis mwenyewe. Jumapili, wakila ugali, Fransis akasema, "Mama, ugonjwa wa Albano nusu ni wangu."

Bi Yuliana aliacha kutafuna. "Basi umeutoa kwa marehemu baba yako."

Marehemu, maskini, hakuwa na wa kumtetea.

"Au kwako, mama."

Anjelina alikuwa ameingoja siku hiyo kwa hamu, akajiandaa kufurahi. Furaha haikuja. Bi Yuliana alikuwa akiutazama ukuta.

"Mwanangu Jovina," alisema taratibu, "yule niliyemzika Newala. Naye alikuwa akililia viungo."

Anjelina alinawa mikono, akaenda kukaa karibu naye.