Hodi Tatu kwa Ndago

Kila asubuhi umande ukikauka, Mwamini husikia hodi, naye huitikia kutoka jikoni, "Karibu!" Akitoka mbio na unga mikononi, hakuti mgeni mlangoni. Humkuta jirani yake, nahodha mstaafu wa boti za Nyamisati, amechuchumaa ng'ambo ya wigo kwenye matuta yake ya bamia, mwenge wa makuti mkononi, ndoo ya maji ubavuni. Vidole vyake vilivyokakamaa kwa kamba huupitisha moto juu ya magugu ya ndago taratibu, kama mtu anayempepea mtoto. Hangoji ziungue, zikinywea tu anasogea.

"Baba, hodi ulikuwa unampigia nani?" alimuuliza siku ya kwanza.

"Wenyewe," akajibu bila kuinua kichwa, kwa sauti nene iliyozoea kushindana na injini.

Wenyewe gani? Vyura? Nyoka? Mwamini hakuthubutu kuuliza tena. Ila mwezi uliopita aliamua kunyamaza. Hodi ya kwanza, ya pili, ya tatu. Kisha akasikia mwenge ukizimwa ndooni, chwaa, na ndara zikirudi nyumbani, kama arudivyo mstaarabu yeyote asiyeitikiwa. Kesho yake hivyo hivyo, na keshokutwa, hadi mwezi mzima ukapita ndago hazijaguswa na moto.

Leo ndago zimepenya wigo, zimeingia kwenye mchicha wake Mwamini, na mzee kasimama palepale, mwenge unawaka. Kaita mara mbili. Mwamini kaganda na mwiko mkononi: siku zote zile alikuwa akimkaribisha nyumbani kwa nani?

"Hodi!"

"Karibu," akasema kwa sauti ndogo, na ndani ya majani kitu kikaanza kuhama.