Kadi ya Sherifu

Kwenye basi la mtaa wa Kings Heath, huku ughaibuni, mbele yangu waliketi wanawake wawili Wakenya wanaotunza wazee. Mmoja alimwonyesha mwenzake picha ya kadi kwenye simu, kadi ya zamani yenye maua pembeni.

“Harusi ya nani? Tunavaa rangi gani?”

“Si harusi, dada. Iko ukutani kwa mzee wangu wa kazini. Babu ya babu yake alikuwa mbunge wa jimbo huko Marekani, halafu akawa sherifu, yaani mkuu wa polisi wa wilaya. Hapa anaalika watu waje waone akinyonga mtu aliyehukumiwa kifo.”

Mwenzake alifunika mdomo. “Na walienda?”

“Kiwanja kilijaa alfajiri. Watoto waliwekwa mbele, ndio waone vizuri.”

Sisi Wakenya kadi ikisema saa nne, tunafika saa saba. Tangu siku hiyo nauheshimu uchelewaji wetu.