Kaseti ya Kwenda na Kurudi

Baba alikuwa akiuza petroli Mtito Andei, sisi tukilima Matinyani. Mwanzoni mwa miaka ya themanini alituletea redio ya kaseti, na barua zikaishia hapo. Yeye alirekodi salamu zake kwa redio ya mpishi wa hoteli ya jirani, akampa dereva wa lori kaseti, nasi tukajibu kwa kurekodi juu ya sauti yake kwenye kaseti ileile. Hakuna aliyefikiria kununua ya pili. Kwetu kibuyu cha mtu hakirudi kitupu: unamimina uji wake, unamtilia maziwa yako. Basi tulimimina maneno ya baba, tukatia yetu.

Mama aliongea na ile redio kama mtu. "Umekula?" anauliza, kisha ananyamaza kabisa, akimpa mumewe nafasi ya kujibu. Mimi, binti yao wa kwanza, ndiye niliyeshika kitufe, na siku moja kicheko kilinishinda. Baba naye aliacha nafasi zake, na sisi jikoni tulimjibu kwa sauti, tukigombania zamu.

Siku hiyo ya kicheko nilimchezea mama sauti yake mwenyewe. Akakunja uso.

"Huyo si mimi. Huyo ni mama mwingine, anaombaomba tu. Zima."

Sikubishana. Nani angemweza mama? Kaseti ikaenda hivyo hivyo, na kicheko changu ndani.

Baba alianguka kazini, akafa kabla ya kufikishwa hospitali. Baada ya mazishi yule mpishi alituletea sanduku lake, na kaseti ilikuwamo. Niliitia redioni, nikabonyeza kitufe. Nilitaka salamu moja tu, hata kikohozi chake.

"Umekula?" mama akauliza ndani ya redio. Halafu kimya, na kuku wetu kwa mbali. Halafu mimi, nacheka. Tulisikiliza mpaka mwisho. Ni sisi tu.

"Nilimwambia arekodi," mpishi akasema, macho chini. "Safari hii alikataa. Alisema kuna mahali binti anacheka, hawezi kufuta hapo. Kila jioni alikuwa anakaa na hiyo redio, anawajibu kwa mdomo tu."

Nilimkasirikia baba. Mpaka leo namkasirikia, na ninalia hapo hapo.

Mama aliirudisha kaseti mwanzo yeye mwenyewe, akaisikiliza ikiuliza tena.

"Huyo ni mimi," akasema. "Ni mimi namuuliza."